Korongo la Antelope: mwale wa jua, safari za picha na maji yaliyoua watu 11

Wadau, juzi nilikuwa kwenye intaneti kafe moja hapa Dar nasubiri printa, vijana wawili pembeni yangu wakaanza kubishana juu ya picha iliyowekwa kwenye skrini ya kompyuta. Nina hakika wengi mnaijua hiyo picha. Kuta za mwamba za rangi ya chungwa, zimepindapinda kama khanga iliyopigwa na upepo, na katikati mwale mmoja wa jua umeshuka wima toka juu mpaka kwenye mchanga, utadhani kuna mtu kawasha tochi huko mbinguni. Mmoja anasema hiyo imetengenezwa na kompyuta, hakuna sehemu kama hiyo duniani. Mwenzie anasema ipo, kaiona kwenye tivii. Muda wao wa intaneti ukaisha, wakaondoka bila mshindi.

Ukweli ni kwamba kila mmoja alikuwa na kipande chake cha haki. Sehemu ipo, na mwale ni wa kweli kabisa. Lakini mwale wa jua peke yake kwenye hewa safi hauonekani vizuri. Lazima kuwe na vumbi ndani yake la kushika ule mwanga. Kwenye picha nyingi zilizotamba, vumbi hilo halikujileta lenyewe: kuna mtu kasimama nje ya fremu, kachota mchanga kwa mkono au kwa koleo, kaurusha juu, halafu kawaambia wenye kamera "haya, pigeni sasa". Mtu huyo ni mwongoza watalii, na mara nyingi ni Mnavajo. Leo nataka kuongelea hiyo picha na hizo safari za vikundi vidogo vya wapiga picha, lakini zaidi kuhusu huyo mtu wa nje ya fremu, maana kazi yake kubwa siyo kurusha mchanga.

Kwanza, liko wapi

Korongo linaitwa Antelope Canyon. Liko karibu na mji mdogo wa Page, kaskazini mwa jimbo la Arizona, Marekani. Page siyo mji wa zamani. Ulianzishwa mwaka 1957 kama kambi ya wafanyakazi waliojenga bwawa la Glen Canyon kwenye mto Colorado. Maji ya bwawa hilo ndiyo yametengeneza ziwa linaloitwa Lake Powell. Pande zote ni jangwa, mwamba mwekundu na vichaka vya hapa na pale.

Korongo lenyewe limo ndani ya ardhi ya Taifa la Navajo. Hawa ni watu wa asili wa Marekani, wale ambao kwenye filamu za kauboi tulizoea kuwaita Wahindi Wekundu. Wenyewe hujiita Diné. Eneo lao lina kama kilomita za mraba 70,000, limegusa majimbo matatu (Arizona, New Mexico na Utah), yaani ukichukua Rwanda na Burundi ukaziunganisha bado hazifikii. Wana rais wao, bunge lao, mahakama na polisi. Mwaka 1864 jeshi la Marekani liliwaswaga kwa miguu, wazee na watoto, mamia ya kilomita mpaka kambi iliyoko New Mexico, na wengi wakafa. Mkataba wa mwaka 1868 ndio uliowaruhusu kurudi kwao. Kwa hiyo mgeni anapoambiwa kwamba hapa huingii bila kibali chetu wala bila mtu wetu, aelewe kwamba neno "kwetu" hapo lina historia ndefu.

Korongo lina sehemu mbili, ya juu na ya chini, na kila moja ina jina la Kinavajo. Ya juu ni Tsé bighánílíní, maana yake mahali maji yanapopita katikati ya miamba. Ya chini ni Hazdistazí, yaani matao ya mwamba yaliyojisokota. Lirudie hilo jina la kwanza. Watalii wanaenda kutafuta mwanga, wenyeji walipaita kwa maji.

Maji ndiyo fundi

Zamani sana, kama miaka milioni 180 hadi 190 iliyopita, sehemu ile ilikuwa bahari ya mchanga, vilima vya mchanga kimoja juu ya kingine. Mchanga ukafunikwa, ukakandamizwa, ukashikana ukawa jiwe. Ile mistari unayoiona ukutani ni alama za tabaka za mchanga uliopeperushwa na upepo wa enzi hizo.

Baadaye likaja suala la mvua. Jangwa lile halinyeshi mara nyingi, lakini likinyesha linanyesha kwa hasira. Ardhi ni mwamba mtupu, hauna udongo wa kunywa maji. Kwa hiyo mvua ikipiga eneo kubwa la juu, maji yote yanatafuta njia ya kushuka, na njia ni ufa. Maji yanapita kwenye ufa yakiwa yamebeba mchanga, na mchanga unakwangua kama msasa. Fanya hivyo kwa maelfu na maelfu ya miaka, ufa unakuwa korongo lenye kuta za kama mita 37 kwenda juu, na kwa upana sehemu nyingine unagusa kuta zote mbili ukinyoosha mikono.

Kazi haijaisha. Kila mafuriko yanapopita, sakafu inabadilika, mchanga unaondolewa hapa na kurundikwa kule. Mwongozaji anaweza kukuonyesha alama ukutani juu ya kichwa chako akakwambia mwaka fulani tulikuwa tunatembea usawa huu.

Kwa nini picha zinatoka vile

Korongo la juu ni kama herufi A: chini pana, juu pamebana. Unaingia kwa kutembea tu, hakuna kupanda, na urefu wake ni kama mita 200. Kwa sababu juu kuna upenyo mdogo, jua likiwa juu sana linachungulia na kushusha ile miale. Korongo la chini ni kama herufi V, juu pana chini pembamba kiasi kwamba miguu miwili haipishani vizuri. Lina urefu wa kama mita 400 na unashuka kwa ngazi za chuma. Mwanga ndani yake ni mwingi zaidi, miale ni michache, lakini wapo wapiga picha wanaoapa kwamba maumbo ya chini ni mazuri kuliko ya juu.

Miale ya kule juu huanza kuonekana karibu tarehe 20 Machi na kupotea karibu tarehe 7 Oktoba. Saa nzuri ni kati ya saa tano asubuhi na saa saba na nusu mchana. Sisi wa huku jua linapita utosini mara mbili kwa mwaka hata hatulijali. Page iko karibu nyuzi 37 kaskazini, kwa hiyo hata Juni, jua likiwa limepanda mwisho wa uwezo wake, haliwi wima kabisa. Ndiyo maana mwale unadumu dakika chache mahali pamoja, halafu unahama au unazimika.

Rangi nazo zina maelezo yake. Jua linapiga ukuta wa juu, mwanga unarudi kwenye ukuta wa pili, unarudi tena, kila ukigonga mwamba mwekundu unazidi kuwa na rangi ya chungwa. Kule chini kabisa, ambako mwanga wa jua haufiki na kinachoingia ni mwanga wa anga la buluu, ukuta unaonekana zambarau. Mtu anayeona zambarau kwenye picha anasema "hiyo kompyuta". Mara nyingi siyo. Ingawa, tuseme ukweli, wapo wanaoongeza chumvi mpaka mwamba unafanana na soda.

Desemba 2014 mpiga picha mmoja wa Australia, Peter Lik, alitangaza kwamba ameuza picha yake iitwayo Phantom kwa dola milioni 6.5. Ilipigwa Korongo la Juu, ni nyeusi na nyeupe, na vumbi ndani ya mwale limechukua umbo kama la mtu. Aliyenunua hakutajwa jina na mauzo hayakupita kwenye mnada wa hadhara, kwa hiyo watu wa soko la sanaa wengi walitia shaka na wengine wakaicheka kabisa. Kwenye mnada wa wazi rekodi ya picha moja ilikuja kuwekwa Mei 2022 na Le Violon d'Ingres ya Man Ray, dola milioni 12.4, pale Christie's New York. Iwe ya Lik iliuzwa kweli au la, matokeo yake kwa Page yanaeleweka: kila mwenye kamera alitaka na yeye apate "mzimu" wake.

Siku ya tarehe 12 Agosti 1997

Sasa tuje kwenye jambo lenyewe.

Siku hiyo watalii walishuka Korongo la Chini kama kawaida. Pale walipokuwa mvua ilikuwa kidogo sana. Lakini dhoruba ilikuwa imepiga upande wa juu wa bonde, zaidi ya kilomita 10 kutoka pale, na maji yakawa njiani. Yalipofika kwenye korongo yalifika kama ukuta, na korongo ni jembamba, hakuna pembeni pa kukimbilia. Wakati huo ngazi zilikuwa za mbao za kuungaunga. Zilisombwa.

Walikufa watu 11. Saba walikuwa Wafaransa, wawili Wamarekani, mmoja Mwingereza na mmoja Mswidi. Aliyetoka hai ni mmoja tu, mwongozaji wa kundi mojawapo, ambaye alikuwa amewahi kupata mafunzo ya maji yaendayo kasi. Alikutwa maji yamemvua nguo zote na macho yamejaa mchanga, haoni. Miili mingine ilisukumwa mpaka ziwani, na miwili haikupatikana kamwe.

Mtu akisoma habari hii kwa mara ya kwanza huuliza swali moja: kwa nini hawakutoka mvua ilipoanza? Jibu ndilo linalotisha. Mvua ya kuwaua haikuwanyeshea wao. Ukiwa chini ya korongo unaona utepe mwembamba tu wa anga, na utepe huo unaweza kuwa wa buluu kabisa wakati maji yanakuja.

Msidhani haya ni ya Arizona peke yake. Ndugu zetu wa Kenya wanalijua jambo hili kwa machungu. Kwenye hifadhi ya Hell's Gate, karibu na Naivasha, kuna korongo la Ol Njorowa lenye kuta za kupendeza, watu wanapiga picha pale kila wikiendi. Aprili 2012 maji ya ghafla yaliwaua vijana saba wa kikundi cha kanisa waliokuwa matembezini. Septemba 2019 yakaua tena watu saba palepale. Na huko Utah, jirani na Arizona, tarehe 14 Septemba 2015 watu saba waliingia Keyhole Canyon kwenye hifadhi ya Zion na wote saba wakafa. Wadau mlioko Oman nadhani sina haja ya kuwaeleza habari za wadi.

Kilichobadilika

Mwaka huohuo wa 1997 Wanavajo walilifanya korongo kuwa hifadhi ya kabila, na kuingia kukawa kwa kibali. Leo huwezi kuingia Antelope bila mwongozaji mwenye leseni, kama vile huruhusiwi kupanda Mlima Kilimanjaro peke yako. Kwenye Korongo la Chini ngazi mpya za chuma zilifungwa kwenye mwamba kwa bolti. Juu ya korongo ziliwekwa nyavu ambazo zinaweza kushushwa ili watu wazikwee. Kwenye kibanda cha malipo ikawekwa redio ya idara ya hali ya hewa na honi ya hatari.

Vifaa hivi havizuii maji, vinanunua muda tu. Oktoba 2006 mafuriko yalipita kwa saa 36 mfululizo na Korongo la Chini likafungwa miezi mitano. Julai 2010 watalii walinaswa kwenye kingo ya mwamba Korongo la Juu, mafuriko mawili yakapita siku hiyohiyo. Wengine waliokolewa, wengine wakasubiri maji yapungue. Hakufa mtu.

Kwa hiyo kazi ya mwongozaji ndiyo hiyo. Anakuchekesha, anakuonyesha mwamba unaofanana na dubu, anakurekebishia simu yako. Lakini kabla hamjashuka ameshasikiliza hali ya hewa ya upande wa juu wa bonde, huko kusini ambako maji hutokea, siyo ya Page mjini. Mawingu ya Julai, Agosti na Septemba ndiyo anayoyaogopa, na bahati mbaya hiyo ndiyo miezi ambayo wageni wamefurika na miale bado ipo. Siku anayosema leo hatuingii, kuna mtu aliyetoka Japani au Ujerumani mahsusi atakayenuna. Anune tu.

Safari za picha zilivyokuwa

Kwa miaka mingi kulikuwa na aina mbili za safari. Ya kawaida ilichukua saa moja hivi au moja na nusu: mnapakiwa kwenye gari la wazi, mnapita kwenye mchanga wa mkondo mkavu mpaka kwenye mlango wa korongo, mnaingia, mnatoka. Ya picha ilikuwa ndefu, zaidi ya saa mbili, kikundi kidogo, bei juu, na masharti: uje na kamera ya maana na stendi ya miguu mitatu. Huna stendi, hupandi.

Stendi ilikuwa ya lazima kwa sababu ndani kuna giza. Kamera inabidi iache jicho wazi kwa sekunde kadhaa ili ikusanye mwanga, na hakuna mkono wa binadamu unaotulia sekunde tatu. Watu wanajipanga, wengine wamechutama mbele, wengine wamesimama nyuma, miguu ya stendi imesukana kama matete. Mwongozaji anajua mwale utashuka wapi na dakika ngapi. Anazuia vikundi vingine upande huu na upande ule, anarusha mchanga, anahesabu dakika mbili, anasema basi, anaachia watu wapite. Ukiangalia picha unaona upweke mtupu. Nyuma ya kamera kulikuwa na foleni ya watu kibao wanaopiga miayo.

Hapo ndipo ugomvi ulipoanzia. Mtalii wa kawaida naye amelipa, ana mtoto mgongoni, anaambiwa subiri jamaa wamalize kupiga ukuta. Mpiga picha naye amelipa zaidi, mtu anakatiza mbele ya lenzi na kofia nyekundu. Idadi ya wageni ikazidi kupanda mwaka hadi mwaka, hasa baada ya simu za kamera na mitandao ya kijamii, na korongo halipanuki.

Mwishoni mwa mwaka 2019 mamlaka ya hifadhi za Navajo ikasimamisha safari maalumu za picha Korongo la Juu. Stendi zikapigwa marufuku, na vijiti vya kujipigia picha, na mabegi, na kurekodi video. Unaingia na kamera yako mkononi au simu yako, basi.

Miezi michache baadaye ikaja korona. Mwaka 2020 hifadhi zote za Navajo zilifungwa, na mwezi Mei mwaka huo Taifa la Navajo lilikuwa na kiwango cha maambukizi kwa idadi ya watu kilichopita hata cha jimbo la New York. Korongo lilifunguliwa tena mwaka 2021. Fikiria mwongozaji ambaye kazi yake ni kusimama mahali pembamba na wageni kutoka dunia nzima. Zaidi ya mwaka hakuna kipato.

Wapiga picha wengi walilalamika sana kuhusu marufuku ya stendi. Mimi naona upande wa mamlaka una hoja. Stendi ishirini kwenye njia ya upana wa mlango ni kizuizi siku ya kawaida, na siku honi ikilia ni mtego. Lakini ninalo la kuongeza ambalo sikuliona likisemwa sana: kile kikundi kidogo, kinachokwenda polepole na mtu mmoja anayewajua wote kwa sura, kilikuwa kitu kizuri. Kukiondoa na kubaki na mistari mirefu ya watu wanaosukumana kwa dakika hamsini siyo lazima iwe usalama zaidi.

Wanakwenda wapi sasa

Antelope siyo korongo pekee la pale. Kwenye ardhi hiyohiyo ya Navajo, karibu na Page, kuna mengine: Canyon X, ambalo ni sehemu ya mkondo uleule wa Antelope, halafu Secret Canyon, Rattlesnake, Owl na Mountain Sheep. Haya yanaendeshwa na makampuni ya Wanavajo wenyewe, vikundi ni vidogo, na safari za picha zilihamia huko. Miale yake siyo mikubwa kama ile ya Korongo la Juu, na mengine yana ngazi au mchanga mzito wa kutembea. Lakini utapata dakika tano za kusimama mbele ya ukuta bila kiwiko cha mtu ubavuni, na hicho ndicho mpiga picha anachokitafuta.

Kama una ndugu huko Marekani anayetaka kwenda, au wewe mwenyewe umepata hiyo bahati, muulize mwenye kampuni maswali ya maana kabla hujatoa hela. Watu wangapi kwa mwongozaji mmoja? Stendi inaruhusiwa? Mkighairi kwa ajili ya mvua, hela inarudi au mnahamisha siku? Anayekujibu "mvua siyo tatizo" mkimbie. Tena ujue malipo ni mawili, ya kampuni na ya kibali cha hifadhi cha Navajo, na tovuti nyingine huonyesha moja tu mpaka mwisho.

Kamera sasa

Nimeahidi kwamba hii itakuwa ya manufaa hata kwa asiyefika Arizona, kwa hiyo haya yanafaa korongo lolote, pango, hata uchochoro wa Mji Mkongwe saa ya mchana.

Usipige anga. Ukiingiza kipande cha anga kwenye fremu, kamera inachanganyikiwa: ama anga linakuwa jeupe pee, ama ukuta unakuwa mweusi tii. Elekeza lenzi ukutani, pale mwanga unapogeuka kona, na uache anga nje. Zima flashi. Flashi inaua ile rangi yote, unabaki na picha ya ukuta wa kahawia kama wa stoo.

Bila stendi, egemea. Viwiko vibane mbavuni, bega ukutani (kama ukuta unaruhusiwa kuguswa), vuta pumzi, toa nusu, ndipo ubonyeze. Simu za sasa zina namna ya kupiga gizani ambayo inaunganisha picha kadhaa kuwa moja, na inafanya kazi vizuri mno ukiishika bila kutikisika. Kwenye kamera kubwa pandisha ISO bila woga, chembechembe kidogo ni bora kuliko picha iliyotikisika. Mizani ya rangi usiiachie kamera iamue yenyewe, maana ikiona chungwa nyingi inadhani ni kosa na kuanza kuipoza. Iweke kwenye alama ya jua au ya wingu.

Na usibadilishe lenzi ndani. Mchanga ule ni laini kama unga, unaanguka toka juu muda wote hata kama hakuna anayeurusha. Chagua lenzi moja pana kabla hujaingia, funga mfuko wa nailoni kwenye kamera, toboa tundu la lenzi. Waliopuuza hili walirudi nyumbani na kamera inayosaga kama kinu.

Jambo dogo linalowakosesha wengi safari

Saa. Jimbo la Arizona halibadilishi saa wakati wa kiangazi. Taifa la Navajo linabadilisha. Kwa hiyo kuanzia Machi mpaka Novemba, Page ni saa tano wakati hatua chache ndani ya ardhi ya Navajo ni saa sita, na simu yako inaweza kushika mnara wa upande wowote na kujibadilisha bila kukuambia. Safari za Antelope zinafuata saa za Page. Watu wamefika saa nzima kabla, wengine wamefika gari limeshaondoka na mwale wao wa jua. Vaa saa ya mkononi, ile ya kawaida, uiweke kwa saa za Page na usiiguse tena.

Aliyewahi kufika, au anayeijua Ol Njorowa kuliko mimi, aandike hapo chini.